Bega la Kushoto

Nekesa mwanangu,

Mambo ya sweta, ya pasipoti na ya nani atakupokea ukifika kule umeyapanga mwenyewe, tena vizuri kuliko ambavyo ningeyapanga mimi. Sitayagusa. Umeenda Mountain View kuwaaga wenzako na umesema utarudi kabla ya chakula cha jioni. Nimefunga madaftari ya wanafunzi wangu, nimeondoa vikombe mezani na nimeketi karibu na dirisha, ambapo bado kuna mwanga. Nataka nimalize kabla hujarudi, kwa sababu ukiwa mbele yangu nitaanza kukuuliza kama umekula.

Tangu siku ile ya Westlands umekuwa ukinijibu "sawa, Mum" kwa kila kitu. Nikisema chai iko tayari, sawa, Mum. Nikisema baridi imezidi, sawa, Mum. Ungenikasirikia waziwazi ningejua pa kuanzia. Lakini hujanikosea heshima hata kidogo, na hilo ndilo linaloniuma. Kesho unapanda ndege, na sitaki uondoke ukiwa umeniachia neno hilo moja tu.

Niruhusu nianze mbali kidogo.

Nilipoanza kwenda kwa Mwalimu Njuguna nilikuwa nimetoka tu chuo cha ualimu. Wewe ulimjua akiwa mzee aliyekaa na blanketi magotini. Mimi nilimkuta akiwa na nguvu zake zote, na gereji ya nyumba yake pale Mountain View haikuwahi kuingia gari. Ilikuwa na meza ndefu, madirisha aliyoyapanua mwenyewe, na harufu ya makaa ya kuchorea na tapentaini. Tulikuwa wanafunzi wachache, tukija Jumamosi na siku za likizo. Hakutuanzishia kwa rangi wala kwa penseli. Alituanzishia kwa kitabu.

Kitabu chenyewe unakifahamu, kile ambacho gamba lake limeshikiliwa kwa utepe. Kilikuwa na michoro ya yule Mholanzi mkubwa wa zamani, pamoja na michoro ya vijana waliokuwa wakijifunza kwake. Mwalimu alikuwa ameyafunika majina kwa vipande vya karatasi. Alitufungulia kurasa mbili zinazotazamana: huku malaika anamtokea mzee aliyepiga magoti, na huku malaika yuleyule na mzee yuleyule, kwa wino uleule wa kahawia. Yaani bwana na mwanafunzi walikuwa wameketi chumba kimoja wakichora jambo moja. Halafu Mwalimu aliuliza, "Nani alijua mahali pa kuacha?"

Hakuwa na swali lingine. Mwanafunzi, alituambia, huogopa karatasi nyeupe. Atachora kila kifungo cha koti na kila unyoya wa bawa, kwa sababu anafikiri akinyamaza ataonekana hajui. Bwana huweka mistari michache tu na tayari yule mzee ameshtuka. Mkono hauna hata vidole, lakini unaona unavyotetemeka. Alituonyesha pia karatasi zilizopitiwa na mikono miwili. Kijana amechora polepole kwa mistari myembamba, kisha bwana amekuja na kalamu nene ya mwanzi akapita juu yake, akasogeza mlango, akashusha goti la mtu, akaenda zake.

Hayo ndiyo niliyokufundisha hata wewe, hapa kwenye meza hii, kwa kitabu hichohicho, kabla hujajua kusoma vizuri. Ulikuwa hodari. Ulikuwa ukiweka kidole kwenye ukurasa na kusema, "Huyu ni wa shule, Mum. Amechora mpaka kwato za mbuzi." Nami nilikuwa nacheka, na moyoni najisifu.

Mwalimu naye alifanya kama yule Mholanzi. Jioni, kabla hatujaenda nyumbani, alizunguka meza akiwa na kipande kinene cha makaa. Alisimama nyuma yako. Aliinama, akapitisha mstari mzito juu ya ule wako mahali ulipokosea, akasonga kwa mwingine. Tuliupenda mstari ule. Karatasi iliyoguswa na Mwalimu ilikuwa ni karatasi iliyoonwa. Ile ambayo hakuigusa ulibaki nayo ukijiuliza kama ni nzuri sana au haina hata la kusahihisha.

Na hakuna mwanafunzi aliyetia sahihi katika nyumba ile. Alitukataza. Alisema siku utakapokuwa na mlango wako mwenyewe, mtu akabisha hodi kukutafuta wewe, hapo utaandika jina. Hata yeye mara nyingi hakuandika lake kwenye michoro ya mazoezi. Karatasi zote, zake na zetu, ziliingia katika kabati moja la chuma lililosimama pembeni. Hatukuona ubaya wowote. Tulikuwa vijana, na tulifikiri kila mtu ataijua kazi yake milele.

Baba yako alifika baada yangu. Alikuwa ametoka Bungoma na alikuwa akipaka rangi ofisi mpya za Westlands, kwa hiyo kucha zake zilikuwa nyeupe siku zote. Mwalimu alimwekea kurasa mbili siku ya kwanza, akamwuliza swali lake. Wafula alitazama kwa muda mrefu mpaka wenzetu wakaanza kukohoa. Kisha akasema, "Huyu wa kushoto anampenda huyo mzee. Huyu mwingine anataka kumaliza aende."

Tulicheka sana. Mmoja akamwambia hapa si harusini. Mwalimu hakucheka, lakini pia hakusema kama jibu ni sahihi au si sahihi, na mimi nilichukulia kwamba si sahihi.

Unajua mengine. Tulioana, tukakaa huku Mutuini katika chumba cha nyuma kwa babu yako, ukazaliwa. Baba yako alipougua mapafu hadi kufa, ulikuwa hujaanza kutembea. Hakupata mlango wake. Kila alichochora kilibaki katika kabati lile la Mountain View, bila jina.

Ukiwa darasa la nne, nadhani, nilikupeleka kwa Mwalimu. Ulifungua kabati ukauliza, "Ya Baba ni gani?" Nilikuambia haiwezekani kujua, kwamba wote tulichora kwa mtindo wa Mwalimu na mikono yetu imefanana. Nilisema hivyo kwa upole, nikaona nimekujibu vizuri. Sikufikiri kwamba mtoto akiambiwa jambo haliwezekani kujulikana anaweza kulibeba hadi kidato cha nne, hadi chuo, hadi Uholanzi. Ulipochagua kwenda kusomea jinsi ya kutambua mkono wa bwana na mikono ya wanafunzi wake, watu wa kanisani waliniuliza hiyo ni kazi gani. Nikawaambia ni mambo ya makumbusho. Sikuwaambia kwamba nilijua unamtafuta nani.

Sasa nije Westlands.

Mwalimu alipofariki, na lile jumba la sanaa likaamua kuonyesha kazi zake, mke wake ndiye aliyesema niitwe mimi nitenganishe karatasi. Wewe unamwita Cucu, yaani nyanya, na mimi namwita Mama, na neno lake halikataliwi. Nilikuwa wa mwisho aliyebaki wa gereji ile. Nilifurahi kupita kiasi, na sasa nakuambia ukweli, nilinunua hata sweta mpya. Ulikuja kunisaidia kugeuza karatasi kwa sababu nilikuomba. Meza ilikuwa na kitambaa cheupe. Upande wa kulia ni Mwalimu, upande wa kushoto ni wanafunzi.

Unajua nilivyofanya. Sikuulizia mkono. Niliulizia uzuri. Karatasi nzuri nilipeleka kulia, karatasi dhaifu nikapeleka kushoto, na nilifanya haraka, kama mtu anayechambua mchele. Ulikuwa umeniambia wiki chache kabla, tukiosha vyombo, kwamba hata huko Uholanzi wataalamu walikosea hivyo kwa vizazi vingi. Kila kilichopendeza walimpa bwana mkubwa, na kila kilichopwaya wakawagawia vijana, mpaka wakaja wengine wakagundua kwamba bwana alikuwa na siku mbaya, na vijana walikuwa na siku njema. Nilikusikia. Nikasema "kumbe", nikakupa sahani nyingine uifute.

Halafu ukageuza ile ya mwanamke aliyekaa kwenye kigoda akiwa amepakata mtoto.

Nilijua ni mimi. Nilijua mtoto ni wewe. Nakumbuka Jumamosi yenyewe, kwa sababu Mwalimu aliniomba nikae nichorwe na wote, na nilishukuru kupumzika. Uso wangu ulikuwa karibu mtupu, na mwanga kwenye paji lako la uso ulikuwa ni karatasi tu iliyoachwa. Na pale begani, bega la kushoto ambapo umelaza kichwa, kulikuwa na mstari mzito wa makaa, wa uhakika kabisa, ambao singeweza kukosea ni wa nani. Niliipeleka kulia hata kabla hujaondoa mkono.

Ukasema, "Mum, ngoja. Hili bega si lako."

Bi. Atieno wa jumba la sanaa aliinua kichwa. Cucu alikuwa kwenye kiti karibu na mlango. Ulikuwa ukizungumza kwa sauti ya chini, kwa adabu, ukionyesha kwa kidole bila kugusa karatasi. Ulisema mstari mzito ni wa Mwalimu, sawa, lakini kazi nyingine yote si yake. Ulisema chini yake kuna mstari mwembamba unaoshuka, na huo ndio wa kweli.

Nami nikakuambia, "Nekesa, wewe bado ni mwanafunzi."

Nilisema kwa tabasamu. Nilisema kama mzazi anayewafurahisha watu wazima wenzake. Bi. Atieno akacheka kidogo, kwa kunisaidia. Wewe ukasema, "Sawa, Mum," ukageuza karatasi iliyofuata.

Mwanangu, wiki hii nimetafuta mara nyingi kitu kilichonifanya niseme hivyo, na sipati kitu kikubwa. Nilikuwa na sweta mpya. Nilikuwa nimeitwa. Ni hayo tu. Mtu anaweza kumwumiza mtoto wake kwa jambo dogo kiasi hicho.

Sasa nikuambie kilichotokea baadaye, kwa sababu hukukiona na mimi sikukuambia.

Nilikwenda kwa fundi wangu wa cherehani pale Kangemi, anipimie gauni la siku ya ufunguzi. Unamjua anavyozungumza na pini mdomoni. Alinisimamisha mbele ya kioo, akanizunguka, akaniuliza kama nataka ile pedi ya bega la kushoto iwe nene kama ya siku zote au apunguze. Nikamjibu kama ya siku zote. Halafu nikabaki nikitazama kioo.

Nilianguka nikiwa mdogo kuliko ulivyokuwa ulipouliza habari za kabati. Nilikuwa nimebeba nyasi za ng'ombe, mzigo umening'inia kwa mkanda kichwani, nikateleza kwenye mteremko wa mtoni huku kwetu. Mfupa uliunga vibaya. Bega la kushoto likabaki chini. Wasichana wa shule walinitania kwamba nikitembea naonekana kama nimebeba ndoo isiyoonekana. Kwa hiyo nikajifunza kuvaa sweta namna fulani, kukaa namna fulani, na baadaye kumwambia fundi aweke pedi. Nimeficha vizuri hata mimi mwenyewe nikasahau. Wewe hukusahau kwa sababu hukuwahi kuambiwa kwamba ni jambo la kufichwa. Ulilala hapo. Ulilia hapo. Kwako bega la mama yako liko chini, basi.

Mwalimu hakulijua. Nilikwenda kwake kila Jumamosi kwa miaka, nikiwa nimevaa sweta. Alipoona kwenye karatasi bega moja limeshuka, alifikiri kijana amekosea, kama ambavyo mwalimu yeyote angefikiri. Akalinyoosha. Ni sahihisho zuri la mtu ambaye si mimi.

Kesho yake nilirudi Westlands peke yangu, nikamwomba Bi. Atieno anitolee karatasi ile. Niliitazama kama ulivyotaka niitazame. Ukifuata mstari wa Mwalimu, kichwa cha mtoto kinaning'inia hewani, hakuna kinachokishika. Ukifuata mstari mwembamba ulio chini yake, kichwa kinakaa kwenye shimo la bega kama yai kwenye kiota. Aliyeuchora alijua mtoto yule analala wapi. Katika gereji ile alikuwepo mmoja tu wa kulijua hilo.

Na ndipo nikakumbuka jioni yenyewe. Tulikuwa tunarudi nyumbani, wewe mgongoni mwangu, baba yako amebeba mkoba. Nilimwuliza kama Mwalimu amegusa karatasi yake. Akasema ameigusa. Kisha akasema, "Amekunyoosha, Wairimu."

Nilicheka. Nilifurahi, Nekesa. Nilimwambia, basi mwishowe nimekuwa mzuri. Akanyoosha mkono akaweka kiganja chake pale begani, tukaendelea kutembea. Nilidhani anakushika wewe usiteleze.

Sijui nitafanya nini na kumbukumbu hiyo. Nakupa tu, uwe nayo.

Nilikwenda kwa Cucu kabla ya kwenda kwa mtu mwingine yeyote. Niliona haifai asikie kwa Bi. Atieno. Alikuwa amekaa sebuleni na redio, akaniletea chai na mkate. Nilipomweleza, akaweka kikombe chini.

"Wairimu, sisi ndio tuliokuita utuambie ya mzee ni gani. Ukatuambia. Sasa unarudi kuchukua ile nzuri?"

"Sichukui, Mama. Narudisha."

"Unamrudishia nani? Wafula hayuko. Mzee hayuko. Mimi ndiye niliyebaki na kabati."

Nilisema tu kwamba wewe uko. Redio ikaendelea kusoma matangazo ya vifo. Nikamwambia pia jambo la pili, kwamba nimemnyima Mwalimu kazi zake nyingine. Zile dhaifu nilizozitupa upande wa wanafunzi, baadhi ni za miaka macho yake yalipoanza kumsumbua. Kuna ya mbuzi asiye na miguu ya nyuma. Cucu akacheka bila kutaka. "Hiyo ni yake," akasema. "Nilikuwa hapo. Aliniambia mbuzi amekataa."

Kisha akaniambia nisimame. Akanisogelea, akanivua sweta upande mmoja kama unavyomvua mtoto, akaweka viganja vyake kwenye mabega yangu, kimoja huku, kimoja huku.

"Na umekuwa ukija hapa miaka yote," akasema. "Hata mimi sikuona."

Tulipoketi tena alikuwa amebadilika sauti. "Waandike jina la kijana. Lakini ile mistari mizito ni ya mume wangu. Hata kama alikosea, ni yake. Nayo iandikwe."

Bi. Atieno hakufurahi. Picha hiyo ilikuwa itazame mlango, iwe ya kwanza kuonwa na kila anayeingia. Sasa itakaa ukuta wa kando, karibu na dirisha, na nimeambiwa watu watauliza kwa nini jumba linamwonyesha fundi rangi asiyejulikana. Pia ameniuliza, bila ubaya, kama sasa anapaswa kuamini nilivyopanga karatasi zile nyingine. Nikamwambia hapana. Tutaanza upya kesho kutwa, mimi na yeye, karatasi moja moja, na ambayo hatuijui tutaandika kwamba hatuijui. Sitaingia siku ya ufunguzi kama nilivyojiona nikiingia. Ninaogopa kidogo. Lakini kibandiko kimeshaandikwa, nimekisoma kwa macho yangu: jina la baba yako lote, na chini yake kwa herufi ndogo, kwamba mistari mizito begani ni ya mwalimu wake.

Ndege yako ni ya usiku. Maonyesho bado, lakini jumba hufunguliwa asubuhi, na karatasi ile iko pale. Ukitaka tupite, tutapita. Usipotaka, au ukitaka kwenda mwenyewe bila mimi, sitauliza.

Limebaki jambo ambalo ni gumu zaidi kwangu kuliko la Westlands, kwa sababu lile lilikuwa la siku moja.

Unakumbuka mchoro wa jikoni kwa nyanya yako? Ulikuwa mdogo. Ulichora moshi umejaa karatasi nzima, na ndani ya moshi vitu vidogo vyeusi, na mkono wa nyanya. Nilikuambia sufuria hazionekani. Nikachukua kifutio nikapunguza moshi, nikakuonyesha pa kuweka sufuria, kifuniko, rafu. Shuleni ukapata zawadi, na uliporudi nayo ulikuwa unalia. Nilidhani ni furaha imezidi. Niliutundika mchoro ule ukutani, na ulikula chakula chini yake miaka yote hiyo bila kuutazama. Jana nimeutoa. Msumari nimeuacha.

Na kwenu Bungoma. Uliomba kwenda mara nyingi, nami nikasema likizo ijayo, barabara, mitihani, mvua. Hawakunikosea watu wale. Ni kwamba nilitaka uwe na baba mmoja, yule niliyekuchorea mimi: mpole, mchapa kazi, asiye na kasoro. Niliogopa shangazi yako angekuambia alivyokuwa mkaidi, alivyokuwa akiimba vibaya, alivyogombana na babu yako, na wewe ungekuwa na mtu nisiyemjua. Nilimpigia shangazi yako simu juzi. Nilitarajia aniseme. Aliuliza tu ndege ni saa ngapi. Yuko njiani, atalala kwa binamu yake Kangemi na kesho atakuja hapa. Mwulize unachotaka. Mimi nitakuwa jikoni.

Unakwenda mahali ambapo utakuwa mwanafunzi kweli, na watu watapita nyuma yako. Wengine watakuwa na mkono mzuri sana. Sijui nikuambie nini juu yao. Mwalimu alikuwa mtu mwema, alinifundisha kila ninachokijua, na alikosea bega langu. Mambo hayo yote mawili ni kweli, na mimi nimechukua muda mrefu kuyaweka mezani pamoja.

Leo baada ya wewe kutoka nilikuja kufuta meza hii, nikakuta karatasi umeiacha wazi chini ya taa. Sikupekua, ilikuwa hapo. Ni mimi nikisahihisha madaftari. Sijui ulinichora siku gani ya wiki hii ya "sawa, Mum". Hakuna meza, hakuna madaftari, ni mistari michache tu, lakini nimejiona nilivyochoka. Na bega la kushoto umelishusha mahali pake. Nikajiuliza swali la Mwalimu, nani alijua mahali pa kuacha, na nikapata jibu.

Makaa yalikuwa koponi, pembeni ya karatasi. Nisikufiche: niliyashika. Mkono umezoea. Niliona pale shingoni ningeongeza kivuli kidogo tu.

Nimeyarudisha koponi. Nasikia lango, na mbwa hajabweka, kwa hiyo ni wewe. Karatasi yako iko pale pale ulipoiacha.

Bega sijalinyoosha.

Mama yako,
Wairimu